Bomba Lililomkimbiza Afande

Kicheko kile hakikuwa na adabu. Kilimtoka Emérance bila kubisha hodi, saa tatu asubuhi, siku ya Alhamisi, akiwa ameinama uani anageuza mihogo juu ya mkeka, na kidogo tu kimkoseshe nyumba.

Mambo yalianza hivi: maji yalikuja. Mwaka ule, mwaka wa pili wa vita, maji ya bomba pale Kalemie yalikuwa mgeni asiyetuma barua. Mashine za kusukuma maji zikipata mafuta ya mazutu yalikuja, zikikosa yalikaa huko huko, na hakuna aliyejua kama ni kesho au wiki ijayo. Kwa hiyo kila mwenye bomba aliacha robine, koki yake, wazi mchana kutwa, beseni likiwa chini yake, ili maji yakifika yasikute mlango umefungwa. Nyumbani kwa Emérance beseni lilikuwa la kutimiza desturi tu. Bomba lake lilikuwa na mdomo. Maji yakikaribia lilikohoa kwanza mara mbili tatu, likapiga ngoma ukutani, du, du, du, kisha likafyatuka ta-ta-ta-ta-ta mpaka sahani zikatetemeka kabatini. Avenyu nzima ilisikia. Wanawake waliacha walichokuwa wakifanya, wakakamata ndoo, wakaja mbio, kwa sababu kutoka relini mpaka kanisani hakukuwa na bomba jingine lililokuwa bado linatoa kitu.

Nyumba yenyewe ilikuwa pacha, nyumba ya wafanyakazi wa reli, familia mbili ukuta mmoja. Upande wa pili alikaa mkuu wa stesheni, lakini vita vilipofika alivuka ziwa na watoto wake mpaka Kigoma, akawaachia popo. Jumanne ya wiki ile akahamia Afande. Kama alikuwa na jina, hakulitoa. Alikuwa mkubwa katika wale askari walioushika mji, mrefu, mkimya, ametoka mstari wa mbele upande wa Manono baada ya miezi saba. Alikuja na kitanda cha chuma na mlinzi mmoja mwenye mvi, Célestin.

Basi Alhamisi hiyo Afande alikuwa bafuni, anajimwagia maji ya ndoo. Hakuna aliyekuwa amempa habari za bomba. Célestin naye alikuwa ameiacha robine wazi kama watu wote. Sabuni ikiwa usoni, Afande akasikia rashasha inafyatuka hatua moja kutoka sikioni mwake. Alipita mlango wa nyuma na taulo kiunoni na bastola mkononi, akaruka uzio wa matete, akajitupa kifudifudi juu ya mihogo ya Emérance. Alipoinua kichwa na kufungua jicho moja, alichoona ni wanawake kumi na wawili wanakimbilia kwenye risasi, ndoo mikononi, wanasukumana nani awe wa kwanza.

Hapo ndipo Emérance alipocheka. Si kwamba alimdharau. Alikuwa na miaka arobaini na sita, mume mgonjwa ndani, na tangu Pasaka hakuwa amecheka hata mara moja. Kicheko kilikuwa kimejikusanya, kikaona upenyo. Wanawake wengine walimeza cha kwao. Cha Emérance kilisikika peke yake, kirefu, mpaka mwisho wake.

Afande alisimama. Kipande cha muhogo kilikuwa kimemganda kifuani. Hakupiga kelele, na hilo ndilo lililomkausha Emérance mate.

"Wewe njo mwenye hii nyumba?"

"Njo mimi, Afande."

"Hii maji ikirudi na hii kelele, siku hiyo hiyo mutatoka. Nitaweka askari wangu humu. Nimemaliza."

Akarudi kwake, ameshika taulo lake vizuri.

*

Ndani, kwenye kitanda kilichosogezwa sebuleni ili aone njia, alilala Hubert. Alikuwa karani wa stesheni miaka ishirini na miwili. Presha ilimpiga mwezi wa tatu, ikachukua mkono na mguu wa kuume na nusu ya mdomo, ikamwachia akili yote. Kumtoa kitandani kulihitaji wanaume wanne. Na kumpeleka wapi? Kwao Emérance ni Kirungu, juu kwenye milima ya Marungu, na njia ya huko ilikuwa imefungwa. Binti yao mkubwa, Huguette, ambaye kwa jina lake majirani wote walimwita Emérance Mama Huguette, ameolewa Manono, ng'ambo ya vita, na barua yake ya mwisho ilikuwa na umri wa mwaka. Nyumbani alibaki Bertille peke yake, msichana wa miaka kumi na sita.

Mchana Emérance alipiga moyo konde, akazunguka mpaka mlango wa Afande. Célestin alimwambia avue viatu. Mlango ule ule ambao kwa miaka kumi aliingia na sahani ya mboga bila hata kugonga, sasa alivua viatu, akasubiri juani, na aliporuhusiwa akapiga magoti kwenye saruji. Afande alikuwa anakula ugali na ndakala, dagaa wa ziwani. Hakuinua macho.

"Afande, nisamehe kile kicheko. Papa Huguette iko mugonjwa. Hawezi kusimama."

"Basi bomba isimame."

"Maji inaweza kurudi kesho, Afande. Haina siku."

"Njo vile. Na wewe unapoteza saa hapa."

Akachukua ndakala mwingine kwa mkia. Emérance aliinuka, magoti yana alama za saruji, akatafuta viatu vyake. Célestin alikuwa amevipanga vizuri, vinatazama njia. Huruma ndogo namna hiyo nayo huuma.

Alipomweleza mume wake, Hubert alivuta nusu ile ya mdomo iliyokuwa bado inamtii, akatoa neno moja.

"Mahmoudi."

"Mafundi wako wengi, Papa."

"Hapana. Mahmoudi njo aliyeweka zile tuyo za maji. Anazijua."

Emérance aligeukia dirishani kama mtu anayetazama kama mvua inakuja. Ilikuwa kiangazi. Mvua haikuwapo hata kwa dawa.

*

Angekwenda kwa fundi yeyote kabla ya Papa Mahmoudi, na sababu yake hakuwahi kumwambia hata Hubert.

Wiki ile ya mwezi wa nane vita vilipoingia, mji ulikaa siku nne bila tone. Ziwa lilikuwa pale pale, bluu, limejaa, lakini ufuko ulikuwa umefungwa na aliyeshuka kuchota alipigwa risasi. Siku ya tatu Papa Mahmoudi alitokea mlangoni na madumu mawili matupu. Mke wake, Mama Leila, alikuwa amefariki alfajiri, kwa homa, si kwa risasi. Ilimpasa aoshwe kabla ya kuzikwa, kama dini yao inavyotaka, na kwake hakukuwa na maji hata ya kulowesha kitambaa.

Nyuma ya mlango wa Emérance kulikuwa na pipa la chuma, la lita mia mbili, limejaa mpaka ukingoni. Alipomsikia akipiga hodi alikuwa amelitupia blanketi. Na baada ya kusikia habari yote, baada ya kusema pole na kuisema kweli kutoka moyoni, alifungua kinywa akajisikia anasema: "Papa, maji hatuna. Iko ndoo mbili tu, uchukue." Alimletea ndoo mbili. Mzee yule aliweka mkono kifuani, akashukuru mara tatu, akaenda.

Miaka miwili sasa. Akimwona Papa Mahmoudi sokoni, Emérance alikatiza kwa wauza chumvi. Akimkuta ana kwa ana, aliinamisha kichwa na kuuliza habari kwa haraka. Ndoo mbili kwa ajili ya marehemu, na nyuma ya mlango maji yanamcheka. Aliungama kwa padri, padri akamsamehe, lakini padri hakuwa mwenye msiba.

Bertille ndiye aliyemkatiza mawazo. "Mama, unaenda ao niende mie?"

Alikwenda mwenyewe.

*

Papa Mahmoudi alikaa mtaa wa Kataki, katika nyumba ya babu zake, wale waliofanya biashara ya ziwa zamani za zamani. Alikuwa anatengeneza pampu ya baiskeli kibarazani, kofia kichwani, miwani imefungwa kwa uzi.

"Karibu, Mama Huguette. Papa anaendelea namna gani?"

"Iko vile vile, Papa. Nimekuja…" Akaeleza. Alianza na Afande, akafika kwenye bomba, akarudi kwa Afande. Kicheko alikiruka. Papa Mahmoudi alisikiliza huku akipuliza vumbi ndani ya pampu.

"Na ile kicheko ulicheka kweli? Habari yake imefika mpaka huku."

Emérance aliona aibu, kisha akaona mzee anajiuma midomo.

"Kesho Ijumaa. Nikitoka kuswali nitakuja," alisema Papa Mahmoudi. "Uombe mashine isipate mazutu usiku wa leo. Miye nitaomba vile vile. Tukiomba wawili, yako kikatoliki, yangu kiislamu, itatukosa wapi?"

Basi usiku ule katika mji mzima wenye kiu, watu wawili waliomba maji yasije.

*

Ijumaa maji yalikuwa hayajaja, na Papa Mahmoudi alikuja na mfuko wa turubai na fimbo, akamsalimu Hubert kwa kumshika ule mkono uliokufa, kama hakuna tofauti, akaketi ukingoni mwa kitanda.

"Haya. Inalia namna gani?"

"Inapiga makelele, Papa," alisema Emérance.

"Makelele ni mengi. Uilie."

"Niilie?"

"Maji haiko. Nitasikia kwa nani?"

Kwa hiyo mama mzima, mke wa karani, alisimama katikati ya nyumba yake akalia kama bomba. Alikohoa. Alipiga du, du, du. Bertille alijifunika kitenge usoni. Alipofika kwenye ta-ta-ta, Hubert alitikisa kichwa kwenye mto wa kulalia. "Mbio zaidi," alisema. Emérance akaongeza mbio, mate yakamruka, na kwa mara ya kwanza tangu presha impige, Hubert alicheka, cheko la upande mmoja, machozi yakimtiririka upande mwingine.

Papa Mahmoudi hakucheka. Alikuwa anahesabu kwa vidole. "Ile ya kukohoa, uache. Ni upepo. Maji ikiwa mbali, upepo unajaa ndani ya tuyo. Maji ikirudi inausukuma mbele. Hata sisi tukikaa na njaa tumbo inanguruma. Ile ya ngoma, tutazame."

Alifuata bomba kwa kiganja, kutoka robine ya jikoni, kwenye ukuta wa stoo, chini kwa urefu wa goti. Alilishika akalitikisa. Lilicheza kama jino bovu, likagonga ukuta: du.

"Hapa niliweka mbao. Vipande saba, kati ya tuyo na ukuta. Nilipiga mwenyewe kwa nyundo. Iko wapi?"

Emérance alitazama miguu yake. Moyoni alisema, huyu mzee ataniaibisha mpaka lini. "Niliipikia, Papa. Mwaka jana, makaa ilikosa. Ilikuwa mbao mikavu."

"Ulipikia nini?"

"Sombe."

"Iliiva?"

"Iliiva vizuri."

"Basi haikupotea." Alipiga goti, akapima kwa shubiri. "Lakini inaomba mbao ingine, ngumu. Ya masanduku itapasuka."

Emérance alitazama huku na huku. Viti viliuzwa. Meza ndiyo iliyobaki, ya mbao laini. Kisha akatoka uani, akarudi na mchi wake wa kutwangia, aliopewa na mama yake siku ya kuondoka Kirungu, mzito, mweusi, umelainika kwa mikono ya wanawake wawili. Akaulaza miguuni mwa fundi.

"Mama," alisema Bertille, "tutatwanga na nini?"

"Tutaazima. Ukate, Papa."

Papa Mahmoudi aliukata vipande saba. Kila kipande alikivisha mpira wa ndani wa baiskeli ili chuma kisisugue mti, akavigongomea kimoja kimoja, na bomba likashikwa. Alilitikisa kwa mikono miwili. Halikujibu.

Ilibaki ile ya bunduki. Alifungua robine ya jikoni, akatoa ule mpira mdogo wa ndani unaoziba maji, akauminya, akautazama kwa mwanga. Alitikisa kichwa.

"Hii iko muzima kabisa. Haitoki hapa." Akaegemeza sikio ukutani, mahali bomba linapopenya kwenda upande wa pili, ingawa hakukuwa na cha kusikia. "Mama Huguette, ile bunduki iko kwa Afande. Mpira wake umekufa, unachezacheza. Maji ikipita inaupigisha haraka haraka, ta-ta-ta, na tuyo inaleta sauti mpaka kwako."

Hubert alifumba macho. Yule aliyewapa amri ya kunyamazisha bomba ndiye aliyelala na kelele chumbani mwake, na sasa nani atakwenda kumwambia?

"Tuache," alisema Emérance. "Atasema tunamutukana mara ya pili."

"Tukiacha, maji itarudi na kelele, na mutatoka." Papa Mahmoudi alikung'uta vumbi kwenye magoti. "Twende. Wee usicheke tu."

*

Célestin aliwavulisha viatu wote wawili. Afande alikuwa ameketi kwenye kiti cha mkuu wa stesheni, shati limefungwa mpaka shingoni, macho mekundu ya mtu ambaye hajui usingizi. Bastola ilikuwa mezani karibu na kikombe. Emérance alibana midomo kwa nguvu kiasi kwamba meno yalimuuma.

"Shikamoo Afande," alisema Papa Mahmoudi, ingawa kwa umri angeweza kumzaa. "Kazi upande wa mama imeisha. Lakini kuna jambo. Maji ya barabarani inaingia hapa kwako kwanza, inasalimia hapa, njo inaenda kule. Kwa hiyo robine yako imefanya kazi mingi kupita ingine yote. Imechoka. Nakuomba ruhusa niipumuzishe."

Afande alimtazama. Hakuwa mjinga. Emérance aliona neno linapita usoni mwake, linaenda, linarudi.

"Unataka kusema kelele ni ya kwangu."

Papa Mahmoudi aliweka mfuko wake chini. "Kelele ni ya vita, Afande. Robine ilikaa miaka miwili bila mwenyewe. Mpira ukikauka hivyo, hata wa hospitali utalia."

Célestin alikohoa mlangoni. Afande aligeuza kikombe chake mezani, mara moja, mara mbili, kisha akasema, si kwa sauti ile ya uani, "Tengeneza."

Mpira mpya haukuwapo, wala dukani haukuwapo. Papa Mahmoudi aliuliza kama kuna bote iliyochanika, buti lolote la askari. Célestin alileta moja ya Afande mwenyewe, iliyokatwa na waya huko mstari wa mbele, na mzee akakata kwenye kisigino chake duara moja ndogo, akaipima, akaipunguza, akaipima tena, mpaka ikaingia na kukaa kimya mahali pake. Kazi yenyewe haikuchukua hata muda wa kuchemsha chai. Kisha akamwita Afande aje karibu.

"Jambo moja limebaki, na fundi hawezi kulifanya. Robine usiifunge kwa ghafula. Maji iko inakimbia. Ukiisimamisha mara moja, inapiga kichwa ukutani, du! Ufunge polepole. Shika hapa."

Afande alishika. Aliikamata kwa nguvu, kama mpini wa bastola. Papa Mahmoudi aliona, Emérance aliona, na wote wawili wakatazama robine.

"Polepole namna gani?" aliuliza Afande.

"Namna unafunga mulango wa chumba mutoto amelala."

Afande alizungusha. Alikwenda mpaka mwisho bila haraka. "Niko na mutoto," alisema, hakusema kwa nani. "Hajaniona."

Emérance alitoka pale ameshika viatu mkononi, akasahau kuvivaa mpaka alipofika kwake.

*

Jumamosi maji hayakuja. Jumapili Emérance hakwenda misa. Aliketi jikoni mbele ya robine iliyo wazi, rozari mkononi, akisikiliza. Hakusikia kitu. Saa nne akasimama kumgeuza Hubert kitandani, akambadilisha shuka, akampaka mafuta mgongoni. Alipogeuka kurudi jikoni, mguu wake ulikanyaga baridi.

Beseni lilikuwa linafurika. Maji yalikuwa yanashuka kwenye robine kamba moja nyeupe, yanatambaa sakafuni mpaka kwenye mlango wa sebule, na hakuna sahani iliyotikisika. Alipiga magoti majini, akaweka kiganja juu ya bomba. Alilihisi likipumua chini ya vidole, kidogo tu. Kutoka upande wa pili wa ukuta alisikia mtu anafunga robine, polepole, polepole, kisha kimya.

"Papa Huguette," aliita, "imekuja! Tunabaki! Sikia!"

"Sisikii kitu," alijibu Hubert.

"Njo hiyo!"

Alilia pale pale, hakujificha. Alimshukuru Mungu, akawashukuru watakatifu kwa majina, akaushukuru mchi wa mama yake. Alikuwa bado anashukuru alipoona jambo jingine: uani hakukuwa na mtu. Maji yalikuwa yanakwenda na hakuna ndoo hata moja. Wanawake kumi na wawili walikuwa majumbani mwao wanasubiri bunduki ilie.

Kwa muda mfupi, na tuseme kweli, alifikiri kujaza vyake kwanza. Kisha akafunga kitenge vizuri, akatoka mpaka barabarani, miguu inachuruzika. Alianza kwa Mama Agnès upande wa kushoto, akapita mlango kwa mlango mpaka relini, akigonga kila mmoja kwa kiganja. "Maji imekuja! Chukueni ndoo! Haisemi tena, mie njo nasema!"

*

Papa Mahmoudi aliingia uani foleni ikiwa bado ndefu. Alikuwa ametembea kutoka Kataki kuja kusikiliza kazi yake. Aliinama jikoni, akaweka sikio, akaridhika, akakataa kuku aliyefungwa miguu aliyekuwa anamngojea chini ya meza.

"Kuku ya nini? Huyu anataga."

"Papa, uchukue. Umetuokoa nyumba."

"Mama Huguette, miye sikuleta kitu kipya. Ulinisaidia siku ya Mama Leila. Watu wengine wanasahau. Miye sisahau."

Emérance angeweza kunyamaza. Mzee mwenyewe alikuwa ameridhika, nani angemuuliza? Lakini maneno ya mzee yalimwingia mahali palipokuwa na kidonda, na kidonda hakikukubali kupakwa asali.

"Usinishukuru, Papa. Nilikudanganya." Alifungua mlango wa mbele mpaka mwisho, akamwonyesha pipa nyuma yake. Miaka miwili lilikuwa pale pale, limefunikwa na blanketi lile lile, kwa mazoea. "Siku ile hili pipa ilikuwa imejaa. Nilikuambia hatuna. Nilikupa ndoo mbili, na pipa imejaa."

Papa Mahmoudi alilitazama pipa, akamtazama yeye. Alivua miwani, akaipangusa kwa ncha ya kanzu, uzi na yote.

"Nililionaka," alisema.

"Uliona nini?"

"Pipa. Blanketi ilikuwa fupi. Chini ilionekana chuma, imelowa."

Emérance aliinama, akatazama ukingo wa blanketi.

"Sikiliza, mama. Mbele ya kufika kwako nilipiga hodi milango sita. Nilisikia watu ndani, wanapumua. Hakuna hata mumoja aliyefungua. Wee ulifungua. Nilisema moyoni, huyu iko na watoto, iko na mzee, hajui vita itaisha lini, na bado anatoa ndoo mbili. Tulimuosha Mama Leila mara tatu, kwa kikombe, taratibu. Ilitosha. Hata ilibaki kidogo, tukanawa mikono." Akavaa miwani yake. "Miye nilifikiri unanikwepa sokoni kwa sababu nilichelewa kurudisha ndoo."

Alicheka, na hapo Emérance naye akacheka, huku analia, kicheko cha pili ndani ya wiki moja, na hiki hakikumwudhi mtu. Alimmiminia mzee maji katika kikombe cha bati, akampa kwa mikono miwili. Alikunywa yote amesimama, akashukuru mara tatu, mkono kifuani, kama siku ile.

Alipokwenda, Emérance alimwita Bertille wakalikokota pipa mpaka uani, wakaliweka karibu na lango ambapo kila mtu angelifikia, wakalijaza. Blanketi alilifua kwa mikono yake, akalianika kwenye kamba, jua likiwa kali. Kisha akasimama mbele yake, akalipima kwa mkono, kutoka ncha hadi ncha.

Kweli, lilikuwa fupi.